Bolti Nne za Dorothée

Asubuhi hiyo Bonfils alipewa maiti, na Dative akapewa daftari.

Hakuna haja ya kuficha, jambo hilo lilimuuma. Maiti ya mtaa wa Gasenyi ilikuwa ya mfanyabiashara mwenye nyumba tatu, waandishi wa habari walikuwa wameshajaa mlangoni, na Bonfils, aliyeingia kazini miaka minne baada yake, aliondoka na pikapu yenye tangi lililojaa wakati mji mzima wa Bujumbura ulikuwa umepanga foleni ya essence kwenye vituo vya mafuta. Dative Barampama, OPJ, yaani ofisa wa polisi mwenye miaka kumi na sita katika upelelezi, aliachiwa pikapu ya pili, ambayo sindano yake ya mafuta ilikuwa imelala chini, pamoja na bahasha moja na maneno machache ya komiseri.

"Yule mama wa Canada anatua saa tisa. Kaye iwe imepatikana."

Kaye hiyo, yaani daftari, ilikuwa ya mwaka 1944. Mwezi wa nne wa mwaka huo ndege nzito ya mabomu, Liberator ya injini nne yenye watu tisa ndani, iliondoka Léopoldville kwenda Nairobi, na kutoka huko ilitakiwa iende vitani. Ilipotea katika dhoruba, ikaishiwa mafuta, ikaanguka kwenye matope ya Rusizi. Wanane walikufa papo hapo. Wa tisa, mwonyesha njia wa ndege, Mkanada aitwaye Rosaire Thibodeau, aliishi siku tatu katika nyumba ya mkulima wa pamba aliyembeba mgongoni. Alipokufa aliacha daftari lake kwa mkulima huyo. Mwana wa mkulima, Gaspard Lubunga, fundi wa ndege aliyestaafu, ndiye aliyelirithi. Ndiye pia aliyekuja posta ya polisi jana asubuhi kusema kwamba limeibwa.

Na anayetua saa tisa ni Huguette, binti wa Thibodeau. Alizaliwa miezi miwili baada ya ndege kuanguka. Sasa alikuwa na miaka themanini na moja, na alikuwa amesafiri siku mbili kuja kuchukua maneno ya mwisho ya baba ambaye hakuwahi kumwona.

Dative alifika mtaa wa Kibenga saa mbili na nusu. Gaspard alimpokea kwenye karakana yake nyuma ya nyumba, amevaa shati la mikono mirefu lililofungwa vifungo hadi shingoni.

"Karibu, mwanangu. Ona vile walifanya." Alionyesha kofuli lililovunjwa, likining'inia mlangoni.

Dative aliliangalia kofuli sekunde mbili tu. Kofuli, mtu yeyote anaweza kulivunja. Aliingia ndani.

Ukuta mzima wa kushoto ulikuwa wa wale watu tisa. Kulikuwa na picha zao, ramani, barua za serikali mbalimbali, na katikati kipande cha bati la ndege chenye nusu ya uso wa mwanamke uliochorwa kwa rangi, na jina chini yake: *Dorothée*. Ndivyo walivyoiita ndege yao.

"Huyu alikuwa mupiga bunduki wa mukia," Gaspard alisema, bila kuulizwa. "Miaka kumi na kenda. Huyu wa redio alikuwa naogopa ngazi, lakini ndege apana. Huyu rubani, mama yake alikuwa namutumia soksi kila mwezi. Na huyu njo Rosaire."

Alilitamka jina hilo kama mtu anayemtaja ndugu aliyelala chumba cha pili. Dative aligeukia ukuta wa kulia. Huko kulikuwa na ubao wa vifaa, na kila kifaa kilikuwa kimechorewa umbo lake kwa rangi nyeupe, ili kikikosekana umbo libaki tupu na kumshtaki mtu. Hakuna umbo lililokuwa tupu.

"Hii koleo ya mudomo mrefu ni ya nini, muzee?"

"Ya kufunga fili, ile waya ya bolti. Ndege inatetemeka, bolti inalegea. Donc unapitisha fili mu kichwa ya bolti, unaisokota na ingine, moja inavuta ingine, hazitoki tena." Alinyanyua kidole. "Bolti bila fili ni kazi haijaisha. Na kifaa chenye hakikurudi ku ubao, kiko mu injini. Watu watakufa. Njo tulifundishwa hivyo."

Dative akafungua bahasha yake. Ndani kulikuwa na vipande vinne vya waya uliosokotwa. Sanduku la chuma lililohifadhi daftari lilitoka kwenye ndege yenyewe, na mfuniko wake ulishikwa na bolti nne. Polisi wa posta walikuwa wamemwomba Gaspard alifungue mbele yao, akakata waya, mfuniko ukainuliwa, na ndani hamkuwa na kitu.

"Mara ya mwisho ulifunga hii sanduku lini?"

"Mwezi wa kwanza. Kuliingia wageni wa redio, nikawaonyesha, nikafunga."

Dative alikwenda kwenye masanduku mengine matatu yaliyopangwa kwenye rafu. Nayo yalikuwa yamefungwa kwa waya. Ulikuwa umepauka wote, umeingiwa na kijivu, kwa maana hewa ya ziwa haina huruma na chuma. Vipande vya kwenye bahasha vilikuwa vinang'aa.

"Hii fili ni ya wiki hii," alisema. "Mwizi alivunja kofuli, akachukua kaye, akarudisha mufuniko, akafunga bolti zote ine, akasokota fili mpya, na akarudisha koleo mahali pake."

"Njo hivyo."

"Mwizi mwenye adabu kweli."

"Mwizi fundi," Gaspard alisema upesi, kana kwamba neno hilo lilikuwa limemsubiri mdomoni. "Mu Bujumbura tumebaki wawili tu wa zamani zetu. Mi, na Honoré wa Mutakura. Kamuulize. Huyo mutu ana wivu, mwanangu. Wivu inamukula tangu miaka makumi tatu."

Uani, mke wa Gaspard alikuwa anachambua mboga ya lenga-lenga kwa nguvu isiyohitajika. Aliitwa Mathilde, lakini mtaa mzima ulimwita Mama Trésor. Hakumsubiri Dative aulize.

"Unakuja kwa ajili ya Dorothée?"

"Nakuja kwa ajili ya kaye, mama."

"Ni kitu moja. Miaka makumi tatu na moja, mi niko bibi wa pili mu hii nyumba. Wa kwanza ni bati." Alitupa bua kwenye beseni. "Siku ya kuzaa Trésor, alikuwa mu matope ya Rusizi anatafuta kiti ya rubani. Nilizaa peke yangu. Akarudi na kile kiti, akaniambia, 'Mathilde, ona, ngozi ingali nzima!' Ngozi ya kiti!"

"Watu wanasema ulishatishia kuichoma ile kaye."

"Nilisema. Mara mingi. Na kama ningechoma, ningekuita uone moshi." Alimtazama Dative machoni. "Lakini mi si mwizi. Mi niko na wivu tu. Wivu haikatazwi na sheria, ao inakatazwa?"

"Haikatazwi."

"Basi andika hivyo. Na uandike ingine." Mama Trésor alishusha sauti, akatazama mlango wa karakana. "Tangu juzi anatembea na Biblia. Asubuhi Biblia, mangaribi Biblia, hata ku choo anaenda nayo. Gaspard! Mutu mwenye aliingia mu kanisa mara ya mwisho ku ndoa ya Trésor! Sasa mi najiuliza, mu ile kanisa kuko nani? Kama ni mwanamuke, ni afadhali nijue leo. Dorothée nilimuzoea. Wa pili sitamuweza."

Dative aliandika yote, pamoja na Biblia, kwa sababu alishazoea kuandika yote. Kisha akaombea sindano ya mafuta imfikishe Mutakura.

Ilimfikisha. Honoré Mwilo, aliyekuwa mkaguzi wa mafundi kwenye uwanja wa ndege, alikuwa ameketi mbele ya duka la bintiye, amevaa miwani minene ya giza. Alipoambiwa mgeni ni polisi, alicheka.

"Gaspard amekwisha kunitaja? Alichelewa. Nilikungojea jana."

"Kwa nini unafikiri amekutaja, muzee?"

"Juu najua vile ananichukia, na namurudishia." Alisema hivyo bila haya. "Sikiliza. Mwaka tisini na ine, ni mi niliona bawa ya ile ndege mu matope. Mi! Gaspard alikuwa na kaye ya baba yake tu, hakujua ndege iko wapi. Nikamupeleka. Leo banasema nini? 'Dorothée ya Gaspard.' Ku redio, Gaspard. Ku université, Gaspard. Bazungu banakuja, banamupiga picha na bati yangu."

"Ndiyo maana ukachukua kaye?"

"Ningependa." Honoré alitabasamu. "Lakini nilifanya kitu kibaya zaidi. Nilitafuta mwenye kaye. Nilituma barua ku ambassade, ubalozi ya Canada, nikaeleza jina ya Thibodeau, mwaka, kila kitu. Banatafuta miezi saba, banamupata binti yake. Nikasema: haya Gaspard, sasa tutaona kama hiyo kaye ni yako."

Dative aliacha kuandika. Kumbe yule mama mzee alikuwa angani saa hizi kwa sababu ya kijicho cha mtu mmoja wa Mutakura. Kazi yake ilikuwa imemfundisha mambo mengi, lakini si kwamba kijicho kinaweza kumlipia mtu tiketi.

Alimpa kipande kimoja cha waya. "Huu ni mkono wa nani?"

Honoré hakuinua miwani. Aliuweka waya juu ya goti, akaanza kuupitisha ukucha wa kidole gumba, polepole, midomo ikihesabu. Ndipo Dative alipoona kwamba macho yale nyuma ya miwani yalikuwa na ukungu mweupe. Mtu huyu hakuweza kuona tundu la kichwa cha bolti, sembuse kupitisha waya ndani yake.

"Nane," Honoré alisema.

"Nane nini?"

"Misokoto nane mu inchi moja. Bafundi wengine banafanya sita, saba. Ikifika nane, wengi banaivunja. Gaspard peke yake." Aliurudisha waya. Sauti yake ilikuwa imebadilika. "Nilikagua kazi yake miaka makumi mbili. Kila asubui nilikuwa natafuta kosa, nikatae kusaini. Mungu ananiona, nilitafuta. Sikupata hata bolti moja."

"Lakini wewe unamchukia. Nitakuaminije?"

"Usiniamini. Hesabu."

Dative alihesabu, ndani ya pikapu, kwa ncha ya kalamu. Vipande vyote vinne vilikuwa na misokoto minane kwa kila inchi. Hata hivyo ushuhuda wa adui si ushuhuda wa kumpeleka mtu mbele ya mwendesha mashtaka, na Dative alilijua hilo. Akafungua PV, ripoti ya polisi wa posta, ile aliyoisoma asubuhi huku akimwaza Bonfils, yaani hakuisoma. Safari hii aliisoma mstari kwa mstari, akaangalia saa zilizoandikwa pembeni. Akairudia. Kisha akawasha gari.

Saa saba na robo Gaspard alikuwa barazani, amevaa koti na tai, tayari kwenda uwanjani kumwomba radhi mgeni. Biblia ilikuwa mapajani, ndani ya mfuko wake mweusi wa zipu. Mama Trésor alikuwa amesimama mlangoni, mikono kiunoni, akimlinda na mwanamke asiyekuwepo.

"Umemukamata Honoré?" Gaspard aliuliza.

"Honoré haoni, muzee. Hawezi kupitisha fili hata mu mulango."

Ilionekana wazi kwamba Gaspard hakuwa na habari. Walikuwa hawajatembeleana miaka sita.

"Nisaidie kitu kimoja," Dative alisema, akaweka PV juu ya meza. "Ulifika posta saa moja na dakika kumi. Ukasema kaye imeibwa. Polisi walikuja hapa saa tatu. Imeandikwa: 'Sanduku lilikutwa limefungwa, waya zote nne zikiwa nzima. Mlalamikaji akazikata mbele yetu.'"

"Ndiyo."

"Donc toka saa moja mpaka saa tatu hakuna mtu alifungua ile sanduku. Ulijuaje kama iko tupu?"

Mama Trésor alishusha mikono.

"Mtu mwingine angeiacha wazi," Dative aliendelea, kwa upole sasa. "Mwizi wa kweli angeiacha wazi. Na mtu anayetaka tuamini kuna mwizi angeiacha wazi zaidi."

Gaspard alitazama viganja vyake. "Mikono ilifunga yenyewe," alisema. "Nilitoa kaye. Nikarudisha mufuniko. Nikasema, sasa vunja kofuli, ulale. Asubui ndiyo nikakumbuka fili, nimekwisha kusimama mbele ya polisi. Siwezi kuacha bolti wazi, mwanangu. Hata mu wizi."

"Fungua zipu, muzee."

Aliifungua. Ndani ya mfuko hamkuwa na Biblia. Kulikuwa na daftari dogo la jalada la kijani lililopauka, limefungwa kwa nailoni.

"Yesu wangu," Mama Trésor alisema. "Mi nilifikiri ni mwanamuke."

"Kwa nini?" Dative aliuliza.

"Juu iko yangu!" Mzee alipiga kelele, kisha akajisikia, akashusha sauti. "Ule mama ana damu yake, ni kweli. Alifanya nini ingine? Alizaliwa, basi. Mi najua namba ya viatu ya Rosaire. Najua alikuwa anakosea hesabu ya saba mara nane, kila wakati, iko mu kaye, anafuta, anakosea tena. Nimekaa naye miaka makumi tatu na moja. Ule mama atafika, atalia kidogo, ataiweka mu saki, ile mukoba yake, na mu ile saki ndimo Rosaire ataishia. Niko na wivu. Niko na miaka makumi saba na mbili na niko na wivu kama mutoto. Haya, andika."

Dative hakuandika. Kutoa taarifa ya uongo kwa polisi kuna kifungu chake, na alikijua kwa moyo. Alitazama saa.

"PV yangu haijafungwa," alisema. "Ikifika saa tisa, ile kaye iko mu mikono ya mwenyewe, nitaandika kwamba imepatikana. Ikiwa ingali mu zipu, nitaandika ile ingine. Panda gari. Kama essence itaisha njiani, utasukuma."

Haikuisha. Walifika uwanjani robo saa kabla ya ndege.

Huguette Thibodeau alitolewa kwa kiti cha magurudumu, mwanamke mdogo mwenye kofia ya sufi katika joto lile. Hakusalimiana na watu wa ubalozi. Aliuliza kwa Kifaransa Gaspard ni yupi, na Gaspard akapiga hatua mbele. Alilitoa daftari kwenye mfuko. Mkono wake ulikataa kuliachia, Dative aliuona ukikataa, kisha ukaliachia.

Mama mzee alifungua ukurasa wa mwisho. Alilileta karibu na uso, akalipeleka mbali. Penseli ya miaka themanini ilikuwa imefifia.

"Siwezi," alisema. "Nisomee."

Gaspard hakulichukua. Alisoma akiwa amesimama pale pale, akitazama ukuta.

"'Mtoto wangu, sijui kama wewe ni wa kiume au wa kike. Nilipewa watu wanane niwaonyeshe njia, nikakosea. Usimlaumu rubani. Mtu aliyenibeba haelewi lugha yangu, lakini hajaniacha peke yangu hata saa moja. Atakayekuletea daftari hili, mpokee kama ambavyo ungenipokea mimi.'"

Huguette alilifunga daftari. Alipoinua uso, hakukuwa na shukrani ndani yake. Kulikuwa na wivu mtupu, wa mtoto aliyekuta mwingine ameketi mapajani pa baba yake.

"Unaijua kwa moyo," alisema.

"Ndiyo, mama."

"Mimi sikuwahi kupata hata neno moja." Alimshika Gaspard ncha ya koti, akamvuta hadi mzee akapiga goti mbele ya kiti. "Baba yako alimsikia akizungumza. Sauti yake ilikuwaje?"

Hilo halikuwamo kwenye daftari. Gaspard hakuwa amelisema redioni, wala université, wala kwa Honoré, wala kwa mkewe. Angeweza kusema hajui, na hakuna OPJ duniani ambaye angemkamata kwa hilo.

"Alikuwa na maneno mawili tu ya kwetu, ya mtu mwenye kiu," Gaspard alisema hatimaye. "Baba alimfundisha siku zile tatu. Nikiwa mdogo, baba alikuwa akimwigiza, kila nikimwomba."

Akakohoa kidogo, kutoka chini kabisa ya koo. Kisha, kwa sauti nyembamba ambayo haikuwa yake, yenye kigugumizi na kupanda mwishoni kama swali, akasema:

"Mayi? Asanti."

Huguette alifumba macho.

"Tena," akasema.

Gaspard akarudia.